Tanuri la Matofali Elfu Tisa

Mtu mmoja alikuwa na shamba la mahindi, na juu ya shamba alikuwa na miti, na kando ya miti alikuwa na mama yake. Jina la mtu huyo ni Ambakisye, mzee wa kanisa katika kijiji cha milimani ambako mvua ikishaanza haimwulizi mtu kama yuko tayari. Mama yake alikaa katika kibanda cha fito na udongo, chini ya paa la nyasi lililochoka. Kila msimu wa mvua Ambakisye alikwenda kumsogezea kitanda kutoka kona inayovuja hadi kona isiyovuja bado. Mwaka kitanda kilipokosa kona, alimwahidi nyumba ya matofali ya kuchoma, yenye vyumba vitatu na baraza la kuotea jua. Aliahidi mbele ya watu, baada ya ibada, na watu wakaitikia amina.

Ahadi ilikuwa njema. Tusimhukumu kwa ahadi.

Sasa, udongo mzuri wa kufyatulia matofali ulikuwa chini ya shamba lake la mahindi. Akauchimba. Mwaka wa kwanza alichimba pembeni, mwaka wa pili akaingia katikati, na palipokuwa shamba pakawa shimo ambalo ng'ombe akianguka humtoi bila kamba. Tena, tofali bichi linataka uwanja wa kuanikwa penye jua, na jua lilikuwa limezibwa na ile miti. Akaikata yote, akabakiza nguzo chache za banda la kuyahifadhi matofali makavu wakati wa mvua. Matawi aliyachoma papo hapo ili apate nafasi, na magogo akawaambia majirani wayachukue, mradi yaondoke upesi. Majirani waliyachukua, wakamwombea heri.

Mke wake, Tupokigwe, alikuja akasimama ukingoni mwa shimo, mikono kiunoni.

"Baba Lwitiko, sasa tutakula nini? Tope?"

"Mambo ya kula yatafuata," Ambakisye akasema. "Kwanza nyumba ya mama."

Tupokigwe hakubishana. Alikwenda kwa kaka yake Lutengano, akaomba kipande cha ardhi upande wa pili wa kilima, akalima huko mahindi na maharage. Alikuwa akirudi jioni na vumbi hadi magotini, anapika, anatenga. Ambakisye alinawa, akaomba baraka, akala. Kwa miaka miwili hakuuliza chakula kile kimepita njia gani hadi kufika mbele yake.

Huyo Lutengano naye alikuwa mtu wa namna yake. Mteremko wake wote aliupanda mikaratusi kwa mistari, akawa anaipunguza kidogo kidogo, anapasua magogo, anayapanga yakauke. Yeye mwenyewe alikaa katika nyumba ya udongo. Ambakisye akipita pale na kalibu yake ya kufyatulia begani, hakuweza kujizuia.

"Shemeji! Watu tunajenga, wewe unalima kivuli!"

"Nacho kinaota polepole, shemeji," Lutengano alimjibu, akacheka, akaendelea kupasua.

Na Ambakisye akawa mtu wa kuhesabu. Kila asubuhi alipita katikati ya mistari ya matofali akiyagusa kwa fimbo. Ukikutana naye njiani ukamsalimu, hujamaliza kuitikiwa umeshatajiwa idadi. Elfu nne. Elfu sita na mia mbili. Hata alipopewa sala ya kufunga kikao cha wazee, alimshukuru Mungu kwa matofali na akamtajia Mungu yamefika mangapi, kana kwamba Mungu hakuwepo yalipokuwa yakifyatuliwa. Yalipotimia elfu tisa, aliona kazi imekwisha.

Kumbe tofali bichi ni udongo uliojipanga tu. Bila moto halijawa kitu, na mvua moja kubwa inalirudisha shimoni.

Mwezi wa kumi ukawa unakwisha, mawingu yakaanza kukaa juu ya mlima bila kuondoka. Ambakisye akamwita fundi wa tanuri, Asajile, na wanaume saba wa ujima. Kwa siku nne wakayapanga matofali, wakaacha chini midomo mitano ya kutilia kuni, wakakandika tanuri lote kwa tope ili joto lisitoroke. Kisha Asajile akafuta mikono, akauliza kuni ziko wapi. Ambakisye akamwonyesha. Palikuwa na visiki alivyong'oa, mabua, na uzio wa zamani wa zizi.

Fundi akalizunguka rundo lile mara moja. "Mzee wa kanisa," akasema, "hizi ni za kuchemshia chai."

Wanaume wakacheka. Ambakisye naye akacheka, maana hakusikia alichoambiwa. "Kazi kubwa ilikuwa tofali," akasema. "Moto ni moto tu. Unapatikana."

Kuhusu chakula alikuwa amefanya neno baya zaidi. Tupokigwe alikuwa na mahindi na maharage ya kuwalisha watu wale wiki nzima, naye alikuwa tayari kupika. Ambakisye alimkataza. Aliona aibu. Aliogopa watu watauliza mahindi yametoka wapi wakati shamba lake ni shimo, na itajulikana kwamba mzee wa kanisa anayejenga nyumba ya tofali anakula kutoka ardhi ya kuazima. Kwa hiyo akaagiza viazi vitamu, beseni moja, na akasema wanaume wa kazi hawali sana wakati wa joto.

Wakasali, wakawasha. Siku ya kwanza ilikwenda vizuri, moshi mweupe ukapanda, ndiyo maji yanayotoka ndani ya matofali. Siku ya pili, jua likiwa utosini, visiki vikaisha. Wakatia nguzo za lile banda la matofali. Zikaisha. Ambakisye akaleta benchi la barazani kwake, kisha kalibu zake mbili za mbao, zile zilizofyatua matofali yote elfu tisa, akazitia mwenyewe kwenye mdomo wa tatu bila kuzitazama. Beseni la viazi lilikuwa limekauka tangu jana yake. Mmoja baada ya mwingine, wanaume wakakaa chini.

"Mnagoma?" Ambakisye akauliza.

"Hatujagoma, mzee," mmoja akasema kwa upole. "Mikono ndiyo imegoma."

Juu ya tanuri moshi ulikuwa bado mweupe. Asajile akauangalia muda mrefu. Akasema kwamba moto ukishuka kabla moshi haujasafika, matofali ya juu yanabaki udongo. "Na lile pale," akaongeza, akilionyesha wingu kwa kidevu, "halitusubiri."

Ndipo Ambakisye akachukua panga, akaanza kuzunguka akitafuta chochote cha mbao. Alipita jikoni kwake, akapita zizini, akafika kwenye kibanda cha mama yake. Mlango wa kibanda kile ulikuwa wa mbao nzito za zamani, alizozipasua marehemu baba yake. Akaushika. Akautikisa kidogo kuona bawaba zimeshika kiasi gani.

Mama yake alikuwa ndani, ameketi kwenye kigoda. Alikuwa ameshaelewa. Alikuwa ameanza kukisogeza kigoda mbali na usawa wa mlango, mahali upepo usipofika.

"Ung'oe tu, mwanangu," akasema. "Mimi baridi nimeizoea."

Hakusema kwa hasira wala kwa kulalamika. Alisema kama mama anayempa mtoto nafasi ya kupita. Na neno lile lilimshika Ambakisye pale alipo. Aliona mkono wake juu ya mlango. Aliona kwamba ili mama yake apate nyumba, alikuwa ameshachimba chakula cha mama yake, ameshakata kivuli chake, na sasa alikuwa anamvua mlango wa mwisho. Na nyumba yenyewe bado haikuwa hata tofali moja. Akaliweka panga chini. Akaketi kizingitini kama mtu aliyeamriwa kuketi. Hakuomba maneno marefu. Alisema, "Bwana, mimi ni mjinga," akanyanyuka, akaelekea mteremkoni kwa shemeji yake.

Njiani alipanga namna ya kuzungumza. Angeanza na salamu, angeuliza hali ya watoto, angefikia kuni taratibu, kama mtu ambaye hahitaji sana. Lakini alipofika na kumkuta Lutengano amesimama mbele ya magogo yake makavu, maneno yote aliyoyapanga yalimpotea.

"Shemeji," akasema, "nilikuwa nakucheka."

"Najua," Lutengano akajibu. "Na moshi wako nauona tangu jana."

"Mbona hukuja?"

"Ungezipokea kuni zangu?"

Hata Ambakisye mwenyewe alijua asingezipokea.

Basi Lutengano akaweka mkono juu ya rundo, akasema, "Kuni chukua, shemeji, zote ukitaka. Lakini ukuta ukishasimama, kuni hizi hazitaonekana humo, wala maharage ya dada yangu hayataonekana. Utatukumbuka kweli?"

Jibu lolote siku ile lingekuwa rahisi mno kwa Ambakisye. Aliinama akatia gogo begani, akashuka nalo. Akapanda tena. Lutengano na wanawe watu wazima wakabeba pamoja naye. Alipofika tanurini mara ya tatu alimkuta Tupokigwe ameshafika, sufuria mbili kubwa ziko mafigani, na hakuna aliyemtuma. Wanaume wakala ugali na maharage, mikono ikarudi, moto ukainuka. Ambakisye alikula wa mwisho, chini, karibu na mke wake. Akauliza, kwa sauti ya mtu anayejifunza kuuliza, "Maharage haya uliyapanda lini?"

"Siku ile ulipopita njia nzima ukisema umefikisha elfu nne," Tupokigwe akamwambia, akamwongezea mchuzi.

Moto ukaenda hadi siku ya nne, moshi ukasafika, wakaziba midomo kwa tope. Siku mbili baadaye mvua ikashuka. Wapendwa, ningependa kuwaambia kwamba Mungu aliizuia mvua ile hadi kila tofali likapoa, lakini nitakuwa nadanganya. Saa zile moto uliposhuka mchana wa siku ya pili hazikurudi. Tabaka za juu hazikuiva, na Ambakisye alisimama mvuani akaona maji ya rangi ya shamba lake yakitiririka kutoka kichwani mwa tanuri, yakirudi kule kule udongo ulikochimbwa. Lilipobomolewa, matofali ya chini na ya kati yalikuwa mazima. Ukiligonga moja lililia kama kengele. Ambakisye hakuyahesabu. Asajile ndiye aliyemwambia kwamba yanatosha chumba kimoja na jiko.

Chumba kikajengwa. Mama yake akahamia, kitanda kikawekwa katikati na hakikusogezwa tena. Baraza la kuotea jua halipo. Hutoa kigoda nje akaketi. Lile shimo nalo lipo hadi leo. Kila mwaka Ambakisye analimwagia samadi na udongo wa juu, na kingo zimeanza kutoa mahindi, lakini katikati bado hapajaota kitu. Miti amepanda, inafika magotini.

Jumapili moja aliomba nafasi kanisani, akasimama na kofia mkononi. Watu walidhani atashukuru kwa nyumba. Akasema, "Ndugu zangu, niliwatangazia kwamba najenga. Mimi nilifyatua udongo. Aliyejenga ni Tupokigwe kwa jembe lake, na Lutengano kwa miti niliyoicheka, na hawa wanaume niliowapa viazi. Nimeishi ndani ya jasho lao kama mtu aliyejizaa mwenyewe. Naomba mnisamehe." Akaketi.

Nami nisimnyooshee kidole. Mimi mwenyewe nimebariki chakula mezani miaka mingi, nikataja ugali na mboga, nikasema amina na kunawa. Sikumtaja aliyechimba chuma cha jembe, wala aliyekaa kiwandani penye joto akipika saruji ya nyumba ninamosali, wala aliyeleta mbolea, wala anayeangalia mitambo ili mimi nibonyeze ukutani taa iwake. Nilidhani bati limeota juu ya paa langu, na mkate umeota dukani. Tunazisifu kuta za miji yetu kwa sababu tunaziona. Moto uliozichoma umekuwa majivu, na chakula kilichowapa watu nguvu za kuzisimamisha kimekwisha kuliwa.

Basi wewe uliyeamka leo chini ya paa, ukanywa chai ya moto, ukaja hapa kwa viatu: kabla hujaomba chumba kingine, ni nani anayekubebea kuni, na ni lini ulimtaja kwa jina mbele za Mungu?