Ndoto Isiyo na Kasoro

Paukwa!

Pakawa!

Mkiitika kivivu hivyo mtalala kabla sijaanza, na leo kulala ndiko kunakonitia hofu. Paukwa!

Pakawaaa!

Haya. Zamani, zamani za kale kweli, palikuwa na nchi ambako ndoto haziji zenyewe. Mnyama asiyeshonewa ndoto alilala giza tupu mpaka asubuhi. Mshonaji alikuwa mmoja tu, Bi Nungunungu. Sindano alikuwa nazo mgongoni. Nyuzi alizitoa vinywani mwa wateja. Wewe unasema harufu, yeye anashona. Unasema sauti, anashona. Choma, vuta. Choma, vuta. Anakupa kimto kidogo, unakilalia, unaota.

Na katika kila kimto alitia kasoro moja. Makusudi! Samaki amekaa juu ya mti. Jua lina mkia. Mwenye kuota akiikuta anashtuka, "Ah, kumbe naota!" Anaamka. Kasoro ile ndiyo mlango wa kutokea. Ndivyo alivyofunzwa na mama yake, na mama yake na mama yake.

Sasa palikuwa na Chiriku. Mnamjua Chiriku, kwa maneno mimi kwake cha mtoto. Siku hiyo akatua mlangoni kwa Bi Nungunungu.

"Hodi, shoga! Umesikia wanavyokusema?"

"Nani?"

"Mimi simo! Ila Fisi ameota harusi yake, bibi harusi akawa na mapembe. Eti macho yako yamekwisha. Eti siku hizi unashona makosa."

"Makosa? Mimi?"

"Mimi simo, shoga. Chwi! Nimeleta tu."

Miba ya Bi Nungunungu ikasimama, kwaru-kwaru!

Mara akaingia Bi Paa. Huyu mumewe alichukuliwa na mafuriko, na nyumbani amebaki na kitoto cha siku kumi, kinanyonya.

"Bibi, nishonee mume wangu. Nimwone mara moja tu."

"Alikuwaje, mwanangu?"

"Mpole. Akicheka, masikio yanacheza. Tukipata majani machanga, ncha ananiachia mimi."

Choma, vuta. Choma, vuta. Ikafika zamu ya kasoro. Bi Nungunungu akainua sindano. Akamtazama Chiriku pale mlangoni, shingo ameinyoosha. Akaishusha sindano. Akakata uzi.

"Leo watajua kama macho yangu yamekwisha."

Bi Paa akalala adhuhuri, kivulini. Jioni hajaamka. Asubuhi hajaamka. Anatabasamu tu.

"Mee! Mee!" kitoto kinalia.

Bi Nungunungu akaitwa, akaja mbio, miguu inagongana. Chiriku alikuwa amekwisha kuchomoa kimto.

"Mbona haamki, shoga?"

"Hicho sasa ni ganda. Ndoto imeshaingia kichwani."

Majirani wakapiga ngoma, ndi! ndi! ndi! Bi Paa akachezesha mguu: huko ndotoni imekuwa ngoma ya harusi. Wakammwagia maji. Akalamba midomo: imekuwa mvua. Wakamwekea mwanawe sikioni. "Mee!" Akazidi kutabasamu. Bi Nungunungu akaelewa. Ndoto aliyoishona ilikuwa nzuri mno, inameza kila kitu.

Siku ya pili kiwele kikanywea. Siku ya tatu kitoto kikaacha kulia. Kinafumbua mdomo, sauti haitoki. Wakaweka unyoya puani kwa mama yake. Unyoya ukatikisika kidogo. Kidogo sana.

"Kwani humo ndani hukutia kasoro?" akauliza Chiriku.

"Sikutia."

"Kwa nini?"

"Kwa mdomo wako na kiburi changu."

Chiriku akauficha mdomo wake chini ya bawa.

Bi Nungunungu akainama sikioni. "Bi Paa! Samaki yuko juu ya mti!" Tabasamu tu. "Bi Paa! Jua lina mkia!" Tabasamu tu. Akajishika kichwa. Vioja hivi vinamezwa. Linatakiwa jambo ambalo moyo wa Bi Paa mwenyewe unajua haliwezekani.

"Chiriku! Wewe unajua ya nyumba za watu. Yule bwana, ni jambo gani hakulifanya maisha yake yote?"

Chiriku akatazama huku, akatazama huku. "Mimi simo... lakini njoo." Akanong'ona.

Bi Nungunungu akakaza sauti ikawa nzito, ya kiume.

"Mke wangu, nimekukosea. Nisamehe."

Tabasamu likasimama. Uso ukakunjamana.

"Nani wewe?" Bi Paa akasema usingizini. "Mume wangu, aseme nisamehe? Mume wangu huyu ninayemjua mimi? Aa! Naota!"

Macho yakafumbuka.

Kitoto kikasukumwa kwenye chuchu. Kikavuta. Hakuna. Kikavuta tena. Hakuna. Kikavuta tena, halafu koo likaanza kwenda: gudu, gudu, gudu.

Bi Nungunungu akapiga magoti, machozi yanamtoka. "Nilikufungia mlango, mwanangu. Kwa kutaka sifa."

Bi Paa hakumtazama. Alikuwa anamlamba mwanawe kichwani.

"Neno lile nililingoja miaka saba," akasema. "Nimekuja kuambiwa nimelala. Na ndilo lililonitoa kwake."



Basi ninyi, wakubwa kwa wadogo, sikieni. Ukimtengenezea mwenzio raha, mwachie pa kutokea. Na kazi uliyofunzwa vizuri, usiiharibu kwa kuogopa watu watasema nini.

Hadithi yangu inakomea hapo. Kama yupo aliyesinzia, mwamsheni.