Nguchiro Alipochekesha Matangani

Paukwa!

Pakawa!

Pakawa nini?

Pakawa mwamba, na mwambani pimbi, wamejaa kama kunde chunguni!

Basi hapo zamani za kale kikohozi kiliingia mwambani. Kikaua huku, kikaua kule. Wazee wakaamuru kila mmoja akae shimoni mwake, asimkaribie mwenzake. Waliokufa wakazikwa harakaharaka, bila tanga wala kilio. Nao walikuwa wengi, jamani, wengi mno.

Kikohozi kilipokwisha, pimbi wakaweka ada: kila mwaka, masika yakiisha, hukusanyika kulia kile kilio walichonyimwa.

Mwaka mmoja akaletwa Siwema, mtoto wa pimbi, kwa mara ya kwanza. Akamwona mama yake analia, akaogopa. Mara akatokea Nguchiro, mtani wa pimbi. Nanyi mwajua, mtani matangani hana haya.

Nguchiro akamwiga bibi mmoja marehemu, alivyokuwa akionja mboga mpaka chungu kinabaki kitupu. Waombolezaji wakacheka. Siwema akanuna.

Akamwiga mpiga ngoma aliyekuwa akisinzia katikati ya ngoma. Wakacheka huku machozi yanawatoka. Siwema akamrushia kokoto.

Akamwiga pimbi mwenye matege, anatembea huku anaimba, "Majani haya ya mwanangu, asiyaguse mtu!" Mama yake Siwema akacheka mpaka akakaa chini, akalia tena. Siwema hakustahimili. Akamrukia Nguchiro, akamng'ata mkia.

"Mayoo! Mtani, umenitoa roho!"

"Kwa nini unacheza huku mama analia?"

Mama akamvuta kifuani. "Mwache, mwanangu. Tunalia kwa sababu tuliwapenda na hatukuwaaga. Tunacheka kwa sababu tungali tunawakumbuka walivyokuwa."

"Na huyo mwenye matege ni nani?"

"Baba yako. Kikohozi kilimchukua wewe ungali unanyonya."

Siwema akajitoa kifuani mwa mama. Kisha akamwendea Nguchiro, akampangusa mkia polepole.

"Mtani," akasema, "mwige tena."

Nguchiro akamwiga tena. Safari hii Siwema akamfuata nyuma, amepinda miguu, anaimba wimbo wa baba yake. Mwamba mzima ukalia, ukacheka, ukalia.

Basi wanangu, msiba wa wengi ulieni pamoja. Na mtoto akiuliza, msimfiche, mwambieni aliyempoteza alikuwaje.

Hadithi yangu imekomea hapo mwambani. Mwenye machozi afute, na mwenye wake wa kumkumbuka amtaje.