Ngiri Aliyeomba Abaki Ndani

Niseme, nisiseme?

Sema!

Mbona mnaitika kinyonge, hamjala? Niseme, nisiseme?

Sema tusikie!

Haya, hapo sawa.

Zamani za kale, wanyama walipokuwa bado wanashtakiana badala ya kulana, aliondokea Muhanga. Mnamjua? Yule mwenye pua ndefu na masikio marefu, chakula chake mchwa. Kwa kuchimba hana mpinzani. Basi Muhanga huyo alikuwa mjamzito, na mawingu ya masika yalikuwa yameshatanda. Akachimba shimo, akachimba, akachimba, mpaka kucha zikamuuma. Shimo likawa kavu, zuri. Akasema, "Mwanangu hatazaliwa kwenye matope."

Akaenda kutafuta mchwa. Aliporudi, akaona alama za kwato mlangoni. Sasa angalieni adabu inavyoponza. Badala ya kuingia, akaita, "Hodi!"

"Nani?" sauti ikatoka ndani.

"Mwenye nyumba."

Aliyekuwa ndani ni Ngiri. Alicheka huyo! "Makubwa haya! Mwenye nyumba gani anabisha hodi kwake? Mwenye nyumba ni mimi ninayekuitikia."

"Ngiri, toka."

"Sitoki."

"Ngiri, toka, masika hayo."

"Sitoki."

"Ngiri, toka, nina mimba."

"Mimba yako, dada, usinizalie mlangoni kwangu!"

Mdomo mchafu, sijapata kuona. Muhanga akaenda kumwita Kakakuona, hakimu wa pori lile. Kakakuona hakuwa mbaya, ila mambo yake polepole. Swali likiwa gumu, anajiviringa, anafikiri humo humo. Akaja mpaka shimoni, wanyama nyuma yake.

Ngiri akapayuka kutoka ndani, "Mheshimiwa, huyu alibisha hodi! Muulize!"

"Muhanga, ulibisha?"

"Nilibisha, Mheshimiwa, lakini..."

"Mmesikia? Amebisha!"

Wanyama wakaguna. Kakakuona akajiviringa. Akakaa humo, akakaa, akajikunjua. "Kesi hii nitaisikiliza baada ya siku saba. Kwa sasa natoa amri ya muda tu. Kila kitu kibaki kama kilivyo."

Ngiri angenyamaza hapo, mambo yangekuwa mengine. Wapi! Akadakia, "Mheshimiwa, iweke wazi, huyu mjanja. Sema aliye ndani abaki ndani, aliye nje abaki nje."

"Ndivyo unavyoomba?"

"Ndivyo!"

"Haya, iwe hivyo. Atakayevunja amri, kesi itasikilizwa siku hiyo hiyo."

"Nimeshinda! Nimeshinda!" Ngiri akapiga kelele.

"Hujashinda," Kakakuona akamwambia. "Nimesema mngoje."

Lakini nani anasikia? Muhanga alilia, jamani, sitawaficha. Alilia mpaka akachoka, kisha akaketi nje ya mlango, kama amri ilivyosema. Akamtazama Ngiri. Akaanza kuifikiria ile amri, neno kwa neno.

Siku ya kwanza njaa ikamuuma Ngiri. Akatoa pua.

"Ndugu Ngiri, unakwenda wapi?"

"Nanusa upepo tu."

"Pua iko nje hiyo. Aliye ndani?"

"Abaki ndani!" wakaitikia wanyama waliobaki kutazama. Ngiri akarudisha pua.

Siku ya pili akatoa kichwa. "Nakunywa maji mara moja, narudi sasa hivi."

"Aliye ndani?"

Semeni nanyi! Aliye ndani?

Abaki ndani!

Naam. Ngiri akarudisha kichwa.

Siku ya tatu tumbo lilikuwa limeshikana na mgongo. Mara wanyama wakaona mkia unatoka. Mkia, matako, tumbo. Ngiri anatoka kinyumenyume!

"Sitoki!" akapiga kelele. "Naingia! Hamuoni uso wangu uko wapi?"

Mara huyo yuko nje mzima mzima, anatafuna majani. Wanyama walicheka mpaka wakalala chini. Kakakuona akaitwa.

"Amri imevunjwa," akasema. "Sasa wote mko nje, shimo halina mtu. Tusikilize kesi. Ngiri, shimo hili lina milango mingapi?"

"Mmoja! Nimelala humo siku tatu, nani wa kuniambia?"

"Muhanga?"

"Miwili, Mheshimiwa. Wa pili uko nyuma, kwenye kile kichaka. Niliuziba kwa udongo laini. Ukisukuma kwa pua unafunguka."

Wakaenda kichakani. Muhanga akasukuma kwa pua. Udongo ukaporomoka, mlango ukaonekana, na mbele yake majani mabichi tele.

Ngiri akaacha kutafuna. "Siku tatu," akasema. "Siku tatu nakufa njaa, na mlango nimeupa mgongo!"

"Aliyechimba anajua alichochimba," Kakakuona akasema. "Muhanga, ingia kwako."

Jioni ile mvua ikanyesha. Muhanga akazaa mtoto mmoja, mkavu, mwenye masikio marefu.

Na Ngiri? Mpaka leo akivamia shimo la mtu huingia kinyumenyume, anapapasa kwa matako kutafuta mlango wa pili.

Basi, wanangu, amri ya kungoja si hukumu. Ukiambiwa kaa hapo kwanza, hujaambiwa hapo ni pako. Na ukiwa kwako, ingia, usibishe hodi.

Ngano yangu nimeifukia hapa. Anayeitaka akaichimbe mwenyewe.