Chombo Kisicho na Kitako

Paukwa.

Pakawa.

Mmekula?

Tumekula.

Mmeshiba?

Kiasi.

Kiasi ndiyo shibe. Aliyeshiba kupita kiasi akalale, maana atanikoromea katikati ya hadithi, na mimi nikikoromewa nasahau mwisho. Mliobaki sogeeni. Wewe mwenye kikohozi, kohoa sasa umalize.

Basi alikuwapo Bi Sange. Sange mnamjua? Ni kimnyama kidogo, kinaenea kwenye viganja viwili, miguu kama njiti, pua ndefu imechongoka mbele na kila saa inatikisika, nyuku nyuku nyuku. Alikuwa na watoto watatu, na nyumba yake ilikuwa shimo chini ya kichaka, nyuma ya kichuguu.

Kichuguu hicho ndicho kilikuwa shamba lake. Kila mwaka mvua za kwanza zikishanyesha, kumbikumbi walitoka pale, pru, pru, pruuu, alasiri tatu tu. Alasiri ya nne, hata upige magoti uombe, huambulii hata bawa. Bi Sange alihitaji vibuyu vitatu vya kumbikumbi, kimoja kwa kila mtoto, awakaushe na kuwaweka, ili kiangazi kikija kikute wanawe wana chakula. Mwaka uliopita hakupata hata kimoja. Kitindamimba wake alikonda mpaka upepo ukivuma ilibidi ndugu zake wamkalie asije akapeperuka.

Hakupata kwa sababu ya Bwana Nyani.

Bwana Nyani alikuwa dume la mabega, lina meno ya kutisha, lakini lina adabu zake. Tena alizitangaza. "Mimi nimelelewa," ndivyo alivyokuwa akisema. Hakuwahi kumpora mtu bila kubisha hodi, na chochote alichokichukua, alikipokea kwa mikono miwili, ameinama kidogo. Kila alasiri ya kumbikumbi alifika pale kichuguuni.

"Hodi, Bi Sange."

"Karibu. Shikamoo, Bwana Nyani."

"Marahaba. Watoto hawajambo?"

"Hawajambo, ila wana njaa."

"Pole sana," akasema Bwana Nyani. Akaketi kwenye mlango wa kichuguu, akala kumbikumbi mpaka wa mwisho. Kisha akafuta mdomo, akashukuru, akaenda zake. Na akiulizwa, alijibu kwamba kichuguu ni cha Mungu, hakina mwenyewe.

Mwaka huo Bi Sange akasema hapana, safari hii haponi mtu. Akakata ukindu, akausuka siku saba. Akasuka kitu kikubwa kuliko yeye, mpaka ikabidi aingie ndani yake ili amalizie. Chini kipana, mviringo. Juu ncha, na kwenye ncha kitundu.

Umbo hilo watu wa shule wanaliita koni. Wanasema neno lenyewe lilitoka kwa Wagiriki, na wao walikuwa wakiita hivyo tunda la msonobari. Mimi sikuwapo, nawaambia nilivyoambiwa. Lakini umbo halikuwangoja Wagiriki. Paa la nyumba ya msonge ni hilo hilo. Ile pia mnayoizungusha kwa kamba, na karatasi ya muuza karanga, ni hilo hilo. Hata kichuguu, na hata pua ya Bi Sange ukimtazama ubavuni. Pengine ndiyo maana alilifikiria yeye na si Nyani, ambaye pua yake hamwezi kuifananisha na kitu.

Alasiri ya kwanza, Bi Sange akakivisha kichuguu koni yake, na juu kwenye kitundu akapachika kibuyu. Kumbikumbi akitoka hufuata mwanga, na mwanga ulikuwa juu. Wakaanza kupanda, pru, pru, pruuu, moja kwa moja mpaka kibuyuni. Kibuyu hakijafika nusu, akasikia sauti.

"Hodi, Bi Sange."

Upesi akachomoa kibuyu, akampa mtoto wa kwanza akifiche.

"Karibu. Shikamoo, Bwana Nyani."

"Marahaba. Hiki ni nini?"

"Kofia."

"Kofia ya nani?"

"Ya mkubwa wa hapa. Ndiyo maana nimekivalisha kichuguu."

Bwana Nyani akakitazama kichuguu, akajitazama. "Bi Sange," akasema taratibu, "mkubwa wa hapa ni nani?"

"Ee, nisamehe, nilipitiwa."

Nyani akanyoosha mikono miwili, akainama kidogo, akapokea koni, akaivaa. Ikashuka paji la uso, ikashuka macho, ikaishia kidevuni. Ndani giza totoro, ila kule juu kidoa cha mbingu.

"Nimependeza?"

"Umependeza mpaka naogopa kukutazama. Wakezo wakiona watasema nini?"

Basi huyo, akaenda kuwaonyesha wakeze. Pu, akagonga mti. Akauomba mti radhi, maana amelelewa. Pu, akagonga mwingine, akauomba radhi nao. Alipofika kwake na kurudi, jua limeshazama na kumbikumbi wamekwisha. Bi Sange na wanawe walikuwa wameokota kwa mikono na kwa midomo, na kibuyu cha kwanza kimejaa pomoni.

"Bi Sange, kofia yako inaziba macho."

"Macho ya nini, Bwana Nyani? Mkubwa haoni, anaonwa."

Nyani akaivua. Akaiacha koni pale chini, akaondoka anajipapasa nundu.

Alasiri ya pili akaja mapema zaidi. Akamkuta Bi Sange amelaza koni ubavu, ameweka mdomo kwenye ncha, anapuliza. Kapumzi kake kadogo kakaingia pembamba kakatokea pana, puuu.

"Hodi. Leo sivai kofia."

"Karibu. Hii si kofia."

"Si ile ile ya jana?"

"Jana ilikuwa kofia. Leo ni baragumu."

"La nini?"

"La kuwaita watu waje wamshangilie mkubwa anapokula. Lakini hapa bondeni sauti haifiki mbali. Ningekuwa mimi ningepanda lile jiwe." Akamsogezea baragumu. "Mimi si mkubwa lakini."

Mikono miwili, kuinama kidogo, na Nyani akapanda jiwe. Akavuta pumzi mpaka mbavu zikahesabika. Puuuuu.

Nyani wa msitu mzima wakasikia. Wakaja wakeze, wakaja shemeji zake, akaja mama mkwe na watoto wa watu ambao hata hakuwajua, arobaini na zaidi, wakalizunguka jiwe.

"Tumeitwa," akasema mama mkwe. "Chakula kiko wapi?"

Hapo ndipo Nyani alipokumbuka kwamba atakayemshangilia akila, ataomba. Akawatazama wote arobaini, akakitazama kichuguu kule bondeni.

"Hakuna chakula," akasema. "Nilitaka kuwajulia hali tu."

"Sisi wazima," akasema mama mkwe, akaketi. Wote wakaketi, maana walimjua Nyani wao. Kila alipoinua mguu ashuke, waliinuka. Alipoketi, waliketi. Akashinda juu ya jiwe alasiri nzima anawajulia hali mmoja mmoja, hata wachanga, na kule bondeni kibuyu cha pili kikajaa.

Ikabaki alasiri moja na kibuyu kimoja. Kibuyu cha kitindamimba.

Siku hiyo Nyani alifika tangu adhuhuri. Akabisha hodi, akaitikia shikamoo, kisha akaketi juu ya mlango wa kichuguu, akauziba wote.

"Bi Sange, leo sitaki kofia wala baragumu. Leo nimekuja kula, na siondoki."

Bi Sange akamtazama kitindamimba wake pale kwenye kichaka, shingo nyembamba, macho makubwa. Moyo ukamuuma, na nawaambia ukweli, alikaribia kulia. Lakini akasema, "Karibu sana. Na mimi tangu asubuhi nakupikia."

Na kweli alikuwa amepika, uji wa mtama, mzito, unachemka, bwata, bwata, bwata. Akaleta koni. Safari hii ameigeuza, mdomo juu, ncha chini. Kitundu amekiziba kwa udongo wa kichuguu, na ndani ametandika jani la mgomba.

"Hiki ni nini leo?" akauliza Nyani.

"Kikombe."

"Kikombe kikubwa namna hii?"

"Wewe unywee kidogo kwa nini? Kishike nikumiminie."

Nyani akakishika kwa mikono miwili, akainama kidogo. Bi Sange na wanawe wakainamisha chungu, wakamimina mpaka ukingoni. Juu akanyunyiza asali, ikanukia mpaka Nyani akafumba macho.

Akapeleka mdomo. Fyuu. Moto.

"Wa moto sana, Bi Sange."

"Uache upoe. Nani anakukimbiza?"

Basi akangoja. Na chini yake kumbikumbi wakaanza, pru, pru. Akawasikia wanamtekenya. Akataka kuwachukua, lakini mikono yote miwili imeshika kikombe. Akataka kukiweka chini, akakiinamisha, uji ukataka kumwagika na asali yote, akakiinua haraka. Ncha haisimami. Akajaribu kuibana katikati ya magoti, moto ukapenya ukindu ukamuunguza mapaja, akaruka wima.

Aliporuka, mlango wa kichuguu ukawa wazi. Pruuuuu.

"Bi Sange, hebu nishikie kidogo."

"Kwa mikono hii?" akasema Bi Sange, akamwonyesha mikono yake iliyo kama njiti za kiberiti. "Lakini si lazima uushike. Umwage tu."

"Nimwage asali?"

"Basi subiri upoe."

Akasubiri. Fuu, fuu, anapuliza. Kumbikumbi wakatua kichwani, wakatua masikioni, mmoja akatua kwenye ncha ya pua, naye akamtazama huyo mmoja mpaka macho yakapishana. Bi Sange na wanawe huku nyuma wanaokota, wanatia kibuyuni, wanaokota. Kitindamimba alikuwa wa mbele kabisa.

Uji ulipopoa, kumbikumbi wa mwisho alikwishatoka. Nyani akanywa. Funda la kwanza pana, la pili dogo, la tatu kijiko. Akageuza kikombe akachungulia. Kwa mdomo ule na kwa urefu ule, alidhani atashiba siku tatu, kumbe kadiri unavyoshuka ndani panazidi kuwa pembamba, na kule chini kabisa pana udongo.

Akamrudishia Bi Sange chombo chake kwa mikono miwili. "Ahsante," akasema, lakini kwa shida.

Bi Sange alikuwa amewamwaga kumbikumbi wa kibuyu cha tatu kwenye ungo ili wapungue maji, na ungo ulikuwa pale uwanjani, mbele ya Nyani kabisa. Akaipokea koni, akaigeuza, ncha juu, akaufunika ungo.

"Na sasa ni nini?" akauliza Nyani.

"Sasa ni kawa. La kufunikia chakula cha watoto."

Nyani akalitazama kawa. Harufu inampata puani. Bi Sange hakuweza kumzuia, na wote wawili walijua. Mkono mmoja tu ungetosha kulifunua. Nyani akaunyoosha, safari hii mmoja, adabu amezisahau.

Ndipo vichaka vikatikisika, wakatokea nyani arobaini na mama mkwe mbele. Walikuwa wakimtafuta tangu adhuhuri.

"Unafanya nini hapa?" akauliza mama mkwe. "Na chini ya kawa kuna nini?"

Pua ya Bi Sange ikasimama.

Nyani akawatazama wote arobaini. Akauona ungo ule mmoja ukigawanywa kwa vinywa arobaini, na mama mkwe akipewa kwanza. Akarudisha mkono.

"Hakuna kitu," akasema. "Ni kawa tupu. Mimi nimekula uji, nimeshiba. Twendeni nyumbani, twendeni, msimsumbue mama wa watu." Akawaswaga yeye mwenyewe mpaka wa mwisho, anageuka nyuma kila hatua kuhakikisha hakuna anayerudi.

Moyoni alijiambia atarudi kesho peke yake.

Kesho yake alfajiri akarudi. "Hodi, Bi Sange." Kimya jii. Shimo limezibwa kwa jiwe, vibuyu vitatu viko ndani, na ndani mtu anacheka kwa sauti nyembamba, nadhani ni kitindamimba. Uwanjani kawa lilikuwa limesimama vile vile, ncha juu. Nyani akatazama kushoto, akatazama kulia. Akainama kidogo, akalifunua kwa mikono miwili.

Chini yake kulikuwa na udongo.

Haya. Fundisho ni nini? Nani anajua? Wewe.

"Tusiwe na tamaa, bibi."

Kaa chini, hukusikiliza. Tamaa ya Nyani ilikuwa na kosa gani? Ilikuwa tamaa nzuri tu, imekomaa, na bila hiyo wale arobaini wangemmaliza Bi Sange. Kilichomponza Nyani ni chombo. Kwa hiyo wanangu, kuweni walafi mpendavyo, ila kabla ya kupokea, geuzeni chombo mtazame kama kina kitako. Na mama zenu wakiwaambia mpokee kwa mikono miwili, pokeeni kwa mikono miwili, lakini mmoja mbaki nao.

Hadithi yangu naiweka chini hapa, yenyewe inasimama. Mkiiona tamu, gawaneni. Mkiiona chungu, nirudishieni nikaimalize mwenyewe. Na nani aliyekuwa anakoroma?