Pale Kwaya Ilipoishia

Palikuwa na mtu huko Mwanjelwa, jina lake Gwamaka, aliyetunga nyimbo kumi za hip hop akazitia kwenye kanda. Kazi hiyo ilimla miaka mitatu. Alighani juu ya mama yake, mbebaji wa viazi, na juu ya watu ambao hakuna aliyewahi kuwaimba. Lakini nyimbo zake hazikuwa na kiitikio cha kuchezea, na redio haikuzipiga. Kanda zikamrudia kutoka madukani, maboksi kwa maboksi.

Kwaya yetu ilikuwa inatafuta kanda za bei nafuu. Tukamwendea, akatuuzia zote bila kututazama usoni. Tukaziba kwa karatasi vile vitundu vya juu vinavyozuia kanda kurekodiwa tena, kama wote tulivyofanya siku zile, tukarekodi nyimbo zetu juu ya zake, tukawauzia watu. Nasema tukarekodi, kwa sababu nami nilikuwamo, naimba besi, wala sikuona kosa. Gwamaka akaenda kushona viatu. Mkewe anasema hakumsikia tena akighani, hata bafuni.

Sasa, nyimbo zetu zilikuwa fupi kuliko kanda. Kwaya ikinyamaza, kanda iliendelea kuzunguka, na sauti ya Gwamaka ikatokea pale tulipoishia. Ubeti mmoja na nusu tu. Waliozinunua, wengine walizima. Wengine walikuwa jikoni, mikono kwenye unga, wakaacha iendelee. Mimi, na aibu yangu, ilifika siku nikawa naipeleka kanda mbele, naipita kwaya yangu mwenyewe, ili nimfikie yeye.

Ikapita miaka ishirini. Mjane mmoja, Tumpale, alimpelekea Gwamaka kiatu. Akisubiri, akawa ananong'ona ubeti, kama alivyozoea akilemewa na jambo. Sindano ikasimama. Gwamaka akaumalizia ubeti ule, neno kwa neno, na mjane akashtuka, maana sauti ile aliijua.

“Kaka,” akasema, “maneno hayo ndiyo yaliyoniinua nilipomzika mume wangu. Lakini mimi nina mwisho tu. Mwanzo wake unasemaje?”

Gwamaka alilia kwanza, kiatu kikiwa magotini. Kisha akaanza wimbo wa kwanza, tangu mwanzo, na hakusahau kitu.

Ndugu zangu, sisi tulidhani tumemfuta. Basi wewe unayesema kazi yako imekufa, umejuaje, na hujapita majikoni mwa watu?