Ngazi Aliyoiruka Wakili Mwaisumo

"Ngazi uliyoiruka ndiyo utakayoulizwa." Mmeisikia leo mahakamani, ninyi mawakili wachanga, mkacheka, na sasa mnaniuliza mimi karani mstaafu imetoka wapi. Methali hii ilianza hivi, na mimi bado inaniuma.

Mji huu ulikuwa na wakili aitwaye Ambakisye Mwaisumo. Silaha yake ilikuwa pingamizi la awali. Ukileta kesi kwa njia isiyo sahihi, anasimama kabla hujafungua kinywa, na kesi inatupwa. Wajane wengi aliwaliza kwenye korido ya mahakama. "Sheria ina taratibu zake, mama," huwaambia, anapita.

Kisha baraza linalosimamia mawakili likamfuta yeye kwenye orodha. Mteja alilalamika kwamba amempotezea hati ya nyumba. Hakuipoteza. Wiki ileile niliikuta masjala kwetu, imeingia kwenye faili la mtu mwingine. Nikamkimbilia nayo.

"Mheshimiwa, hati hii hapa. Siku thelathini za rufaa hazijaisha. Ipeleke kwenye kamati ya rufaa, watakusafisha."

"Mwenyekiti wa kamati hiyo nilimfundisha mimi kuandika hati ya kiapo," akafoka. "Leo nikamwangukie? Naenda Mahakama Kuu moja kwa moja."

Nilimsihi, akanifukuza. Hasira zilikwisha kumpanda.

Siku ya kesi ilipofika, zile siku thelathini zilikuwa zimepita zamani. Baraza lilitetewa na Tulinagwe, binti aliyejifunza kazi mikononi mwa Mwaisumo kwa miaka sita. Alisimama, akafungua faili.

"Mheshimiwa Jaji, nina pingamizi la awali. Mleta maombi hakukata rufaa kwanza."

Jaji akamgeukia mzee. "Ulikata rufaa?"

"Ushahidi ninao, Mheshimiwa. Hati yenyewe hii hapa."

"Sijauliza hati. Nimeuliza rufaa."

Mwaisumo akaiweka hati mezani. "Hapana, Mheshimiwa."

Maombi yakatupwa bila hati ile kuangaliwa hata na mtu mmoja. Baadaye aliomba aongezewe muda wa kukata rufaa, akaulizwa sababu ya kuchelewa. Akakataliwa. Hasira si sababu.

Lakini siku ile ya kesi, kwenye korido, Tulinagwe alimpigia magoti, machozi yanamtiririka. "Baba, nisamehe. Ni kazi."

Mzee akamwinua. "Usilie, mwanangu. Ningekuwa wewe, ningefanya vivyo hivyo. Mimi nilibeba majibu yote, lakini ngazi uliyoiruka ndiyo utakayoulizwa."

Hakuvaa joho tena. Alifariki mwaka wa pili, jina lake bado limefutwa, mtu asiye na kosa. Mkewe alitaka kwenye msalaba wa kaburi tuandike "Wakili". Tukatazamana, sote watu wa mahakama, tukijua kwamba sheria ilikwisha kumnyima neno hilo. Tukaandika "Mzee". Yule mama alisoma, akageuka, akaenda zake bila kutuaga.

Basi mkiwa na kesi, hata kama haki yote ni yenu, ulizeni kwanza mlango wa kuanzia. Ngazi uliyoiruka ndiyo utakayoulizwa.