Anayetaka Changu

Palikuwa na mvuvi aliyekosa vitu vitatu tu: mashua, nyavu na chakula. Jina lake Kombo. Mashua ilikuwa ya Bwana Hatibu, aliyependa sana samaki changu. Kila siku aliwazoa changu wote, akiiachia nyumba ya Kombo visamaki vya miiba. Jioni Kombo aliwasukumia watoto sahani yake na kujidai ameshiba, huku tumbo likinguruma mpaka paka akatoka mbio.

Mkewe, Mwanasha, akachoka kumhurumia paka.

Siku moja Bwana Hatibu alikuja na wakwe zake wapya dikoni, pale pwani mashua zinaposhusha samaki. Desturi ya pale, mwenye mashua akishatamka mgawo mbele ya watu, haurudishi.

"Shikamoo, bwana," akasema Mwanasha kwa sauti. "Wakwe wameshaambiwa kuwa wewe ni bahili?"

"Bahili, mimi? Nani kasema?"

"Diko zima. Eti hata mate unameza kwa kipimo."

Wakwe wakatazamana. Bwana Hatibu akatoka jasho, akapanda juu ya jiwe.

"Sikilizeni! Mimi sina choyo! Anayetaka changu, achukue changu!"

"Rudia, bwana. Njaa imemziba mume wangu masikio."

"Anayetaka changu, achukue changu!"

"Watoto!" akaita Mwanasha. "Mmesikia? Changu hao, bebeni!"

Kufumba na kufumbua, ndani ya tenga la samaki wa siku hiyo vilibaki visamaki vya miiba tu.

"Mwizi! Rudisha samaki wangu!"

"Mwizi nani, bwana?" akasema Mwanasha, akijifunga kanga kiunoni. "Mimi nimechukua changu. Chako ni hicho kinywa."